Mbona Umenikata Mguu? Maneno niliyosema Chake kuhusu muziki wa filamu

Wengi mmeniandikia mnaitaka hotuba ya juzi ya Chake Chake, Pemba, mlioikosa kwa boti, mlioikosa kwa kazi na mlioikosa kwa mvua tu. Basi hii hapa nzima. Nimeiandika kutoka kwenye rekodi ya simu, nimetoa kukohoa na pale nilipopotea njia, na vile vipande vya filamu nilivyoonesha siwezi kuviweka kwa hivo nimevieleza kwa maneno. Mkiona sentensi inakwenda mbio haipumui mjue ndivyo nilivyosema.

Assalaam alaikum warahmatullahi wabarakatuh.

Wazee wangu mlioko mbele, walimu, kina mama, na nyinyi vijana mliojazana kule mlangoni kama mnaodaiwa, sogeeni bwana, viti vipo, na mie si mkusanya kodi.

Nimeambiwa nieleze kazi yangu. Mama yangu, Mungu amrehemu, watu wakimuuliza mwanao anafanya kazi gani huko Unguja, alikuwa akijibu "yuko serikalini." Si kwamba alikuwa muongo, masikini, ila kuieleza ilikuwa inamshinda. Aseme nini? Mwanangu anapiga muziki? Watamuuliza yuko kundi gani, kapiga harusi ya nani, mbona hatujamuona jukwaani. Aseme anatengeneza filamu? Sitengenezi. Mie natunga muziki unaokaa chini ya picha, chini ya sauti ya mtu anayeongea, chini ya mawimbi, chini ya kila kitu, na nikiufanya sawasawa watu wanafuta machozi wala hawajui nani kawaliza. Muimbaji wa tarabu anatunzwa. Watu wanainuka na noti zao, wanamcheza, wanamtunza. Mie nani kanitunza? Nani humu ndani ashawahi kumtunza mtunzi wa muziki wa filamu? Nyoosheni mikono nione.

(Hakunyoosha mtu. Mzee mmoja wa mbele alicheka mpaka akavua kofia.)

Haya. Sasa mniulize nimeingiaje.

Mie mtoto wa Wete. Nilipofika darasa la tano nikapelekwa Unguja kwa shangazi, Malindi, na pale Malindi ilikuwepo sinema, Cine Afrique, wakubwa mnaikumbuka. Filamu za Kihindi, Jumapili familia nzima inajipamba, udi, asumini kichwani, watoto viatu vipya. Sie wengine tiketi hatuna. Basi tulikuwa tunakaa nje, ukuta wa nyuma, migongo tumeigandisha kwenye ukuta, maana sauti unaisikia kwa mgongo kabla hujaisikia kwa sikio. Kihindi hatukijui. Picha hatuioni. Na filamu tunaijua! Wallahi tunaijua. Fidla zikiteremka pole pole mwenzetu mmoja anasema "mama keshakufa huyo," ngoma zikipanda tunajua watu wanapigana, filimbi ikilia peke yake tunajua kuna mtu kakaa dirishani anamfikiria mtu. Watu wakitoka tunawadaka mlangoni, "kafa mama?" "Kafa." Basi tunapeana mikono kama waliofaulu mtihani.

Siku moja tukakosea. Ngoma za harusi zinapigwa, zumari, vigelegele, sie nje tunacheza kabisa, tunasema leo mwisho mwema, wameoana. Mlango unafunguliwa watu wanatoka wanalia. Wanalia kweli kweli! Tukauliza, kumbe harusi ilikuwa ya yule msichana na mtu mwengine, na yule kijana wake kasimama mbali kwenye giza anaangalia, harusi yote ile inasikika kwenye masikio yake yeye. Muziki wa furaha, picha ya msiba.

Nilikaa siku mbili siongei vizuri. Shangazi akadhani nina homa. Mnanielewa lakini? Nilikuwa mtoto wa miaka kumi na moja na pale ndipo nilipojua muziki wa filamu si lazima useme kile picha inachosema, picha inaweza kusema hili na muziki ukasema lile, na mtazamaji akakaa katikati akapasuka. Nimesoma mambo mengi baadae, nimekaa na mabingwa, lakini skuli yangu ya kwanza ni ule ukuta.

Habari ya kujifunza akodiani na kuingia kwenye kikundi cha tarabu nitaipita haraka, si kitu cha ajabu, watu wengi hapa mmepita huko huko, unaanza kwa kubeba vyombo vya wakubwa, unaambiwa ukae usikilize bashrafu, ule muziki wa ala tupu bila ya kuimba, mara mia kabla hujagusa ala. Nilichoka wakati ule. Sasa nashukuru.

Kazi ya kwanza ya filamu nimeipata mwishoni mwa miaka ya 90, zama zile tamasha la filamu la nchi za jahazi linaanza anza pale Ngome Kongwe. Mgeni mmoja alinisikia nikipiga, akaja, akaniambia ana dokumentari ya dakika 26, anataka muziki. Nikasema hewallah. Nikaenda nyumbani nikajifungia wiki tatu. Nikamletea muziki. Wa dakika ngapi?

Dakika 26!

Mnacheka. Nimeanza sekunde ya kwanza nimemaliza sekunde ya mwisho, sijapumua, akodiani, udi, fidla, ganuni, kila mtu niliyemjua Malindi nimemtia humo. Yule bwana akasikiliza wote, kwa adabu kabisa, hakuzima hata kidogo, halafu akaniuliza kwa upole, "Sasa hawa watu ndani ya filamu yangu wataongea saa ngapi?"

Nilitamani ardhi ipasuke. Katika dakika 26 zile akachukua dakika saba na nusu. Saba na nusu! Na alikuwa sahihi, leo hii nikiitizama filamu ile bado naona tano zingetosha.

Kwa hivo vijana, la kwanza la kujifunza kwenye kazi hii, kabla ya laptopu, kabla ya kibodi, kabla ya kununua maiki ya bei, ni kujua wapi pa kunyamaza. Ni rahisi kusema. Ni rahisi kusema kuliko kufanya kwa sababu, na hili ntawaambia ukweli, wengi tunalipwa kwa dakika. Ukinyamaza unajikatia mshahara mwenyewe.

Ntakupeni kisa. Kuna filamu nimefanya ya kina mama wa mwani, kusini Unguja, upande wa Jambiani na Paje. Kina mama wale wanalima mwani huko tangu mwaka 1989, maji yakipwa wanakwenda mbali kabisa, wanachomeka mambo, yani vigingi vyao, kwenye mchanga, wanavuta kamba, wanafunga mwani kamba nzima, saa nyingi mgongo umeinama na jua la utosi. Kazi ngumu, na siku hizi bahari imekuwa ya moto ule mwani wenye bei nzuri unakufa kufa. Sasa edita alikuwa kaweka piano. Hii ni desturi yao, wanaazima muziki wa mtu wakauweka kwa muda ili wakate picha, wakikuletea wewe dairekta keshauzoea na keshaupenda, anakwambia "nataka kama huu lakini usiwe huu." Muombe Mungu akuepushe na maneno hayo. Basi piano ile ni ya huzuni, noti moja, inasubiri, noti nyengine, na kina mama wale wameinama ndani ya maji. Nikaitizama. Nikasema, mbona hawa wamekuwa ombaomba?

Nikapanda gari nikaenda. Nimekaa nao siku mbili tatu za bamvua, sikuchukua hata ala moja, nimekaa tu. Na nimesikia nini? Kicheko! Wanataniana, wanasemana waume zao, mmoja anaanza mwengine anamalizia, nyundo za mambo zinagonga huku na huku kama watu wanaopokezana, maji yanachezacheza. Nikarudi nikamwambia dairekta, hapa usitie kitu. Toa piano. Dakika tatu na nusu usitie kitu, acha nyundo, acha vicheko. Halafu maji yanapoanza kujaa na wanageuka kurudi ufukweni na magunia kichwani, pale nipe sekunde 40. Nikaweka udi mmoja. Udi tu, hata nyuzi nyengine hakuna.

Alikataa mwanzo. Akasema watazamaji watachoka. Tukagombana kwenye simu siku mbili halafu akajaribu, na alipojaribu hakunipigia, kaniletea ujumbe, "sawa." Sawa tu. Basi nikajikatia dakika tatu za malipo nikalala vizuri.

Kuna filamu ya papa, Jaws, ya mwaka 1975, wengi mnaijua, muziki kauandika John Williams, na kila mtu anakumbuka zile noti mbili zinazokuja kama mtu anakunyemelea. Lakini mie ntawaonesha kitu chengine. (Hapa niliwaonesha kipande.) Mmeona? Watoto wawili wametia pezi la bandia wanaogelea, ufukwe mzima unakimbia, watu wanakanyagana. Na muziki uko wapi? Haupo! Kwa nini haupo? Kwa sababu papa hayupo. Ule muziki una ahadi na wewe mtazamaji, ukisikia noti zile papa yupo, usiposikia hayupo, na filamu imeitunza ahadi ile ili baadae ije ikuvunjie ukiwa umekaa raha mustarehe. Sasa wewe unayetia ngoma za hofu kila mtu akifungua mlango, hata anayefungua ni mke wake anamletea chai, siku ya jambazi utatia nini?

Haya tuje kwenye madairekta. Wapo madairekta humu? Wawili. Basi nyinyi mnisamehe.

Madairekta hawasemi lugha ya muziki, na wala hawana haja ya kuisema, sie ndio tuna haja ya kuwaelewa. Nilifanya filamu ya popo, hawa popo wetu wakubwa wa Pemba ambao hawapo pahala pengine popote duniani, pale Kidike, wengi mmeshapita. Dairekta mtu wa Ulaya, mtu mzuri sana. Tumekaa tunaitizama filamu pamoja, kipande kwa kipande, muziki uanze hapa uishie pale, hicho ndicho kikao muhimu kuliko vyote msikikose, akaniambia "hapa nataka muziki uwe na unyevunyevu." Unyevunyevu! Nikaandika kwenye daftari, unyevunyevu. Mbele akasema "hapa giza, lakini giza la zambarau." Nikaandika. Nikaenda nyumbani nikakaa na daftari langu la unyevu na zambarau mpaka alfajiri, nikatunga kitu cha kutisha, sauti nzito nzito za besi, milio ya mbali, maana nilijisemea mzungu na popo hapa anataka majini.

Akasikiliza akasema si hivo.

Mara ya pili si hivo. Mara ya tatu nikaacha kumuuliza muziki. Nikamuuliza, "Mtazamaji akimuona popo huyu, wewe unataka afanye nini?" Akafikiri. Akasema, "Nataka asimuuwe."

Sasa hilo nalijua! Hilo mtu wa Pemba analijua kuliko yeye, maana popo hawa zamani tulikuwa tukiwala mpaka wakakaribia kwisha. Na ndani ya picha mulikuwemo popo jike ananing'inia kichwa chini, mtoto kamkumbatia kifuani, anambeba hivo hivo. Nikatupa majini yote nikaandika mbembelezo. Ule mwendo wa mama anayembembeleza mtoto mapajani, polepole, wa kuyumba. Nai, ile filimbi ya mwanzi, na fidla moja. Kile ndicho alichokuwa anakiita unyevu, mie siulizi tena.

Kwa hivo usimuulize dairekta anataka maqamu gani, yani mpangilio gani wa noti, usimuulize anataka fidla au kinanda, muulize anataka mtazamaji afanye nini, au aogope nini, au ampende nani. Na mara nyengine hata hilo hataki kukwambia sawasawa na inabidi ufanye lako. Bernard Herrmann, mtunzi wa Kimarekani, alipofanya Psycho na dairekta Alfred Hitchcock, filamu ya mwaka 1960, Hitchcock alitaka ile sehemu ya bafuni, mwanamke anapouliwa, isitiwe muziki kabisa. Herrmann katia. Nyuzi tupu filamu nzima, fidla na ndugu zake, hakuna ngoma hakuna tarumbeta. Hitchcock alipousikia akakubali mwenyewe kwamba ubaki. Najua mtaniambia, we mzee sasa hivi umetuhubiria kunyamaza, mara unamsifu aliyekataa kunyamaza! Ndio. Mkitaka kazi yenye sheria moja kajifunzeni kupika chapati, na hata chapati zina siri zake.

Mambo ya hesabu sitoyakalia sana, waliokuja na madaftari tutaonana baadae, lakini mjue kidogo. Picha zetu za televisheni huku zinakwenda fremu 25, yani picha tuli 25, kwa sekunde. Mie nikiweka mwendo wa mapigo 75 kwa dakika kila pigo linakula fremu 20 kamili, kwa hivo mlango ukifunguliwa sekunde ya 36 najua mapigo 45 yamekwisha na naweza kuingia nao pamoja bila ya kusukuma mtu. Haya nimeyajua kwa dhiki, kipindi kile Unguja nzima imekosa umeme miezi mitatu, Disemba 2009 mpaka Machi 2010, filamu iko mkononi, jenereta linakunywa mafuta kuliko ninavyolipwa, basi nawasha saa moja naitizama picha, nazima, nafanya hesabu kwenye daftari kwa mshumaa. Na msidhani kubanwa na saa ni mambo ya kisasa. Siti binti Saad alipokwenda Bombay mwaka 1928 kurikodi, upande mmoja wa santuri ulikuwa unachukua kama dakika tatu tu. Nyimbo za watu wanaokaa mpaka usiku wa manane ziingie kwenye dakika tatu! Bibi yetu kabanwa kabla yetu.

Na jengine, muziki wa CD unarikodiwa kwa kilohezi 44.1, yani sauti inapimwa mara 44,100 kila sekunde, wa filamu kwa 48. Andikeni hilo. 48. Mie sikuandika. Nimepeleka kazi, huko mbele mtu akaisoma faili kama ilivyo hakuibadilisha, muziki ukaenda mbio karibu asilimia tisa na sauti ikapanda kama nusu toni na robo tatu ya mlo wa kuku, sijui niseme vipi, ganuni la mzee wangu wa miaka 70 likalia kama kasuku. Na mie niko kwenye kiti, usiku wa kuonesha, watu wamejaa, mzee mwenyewe kakaa pembeni yangu. Akanigeukia. Hakusema kitu, kanigeukia tu.

Tuje kwenye pesa, maana naona wengine mmeanza kutazama saa na najua hili ndilo mlilolifuata.

Kampuni moja ya nje, siitaji, niliwafanyia kazi nikiwa kijana. Dakika 12 za muziki. Wakanipa karatasi nusu ukurasa, nikatia saini nimesimama, kalamu ya kuazima, nikapewa bahasha, nikafurahi. Baada ya miaka kama minne hivi nimekaa kwa kinyozi Kariakoo, Dar es Salaam, televisheni iko juu, nasikia udi wangu. Nikajua naota. Nikatoa kichwa kwenye mkono wa kinyozi nusura anikate sikio. Tangazo la sabuni! Udi wangu, nilioandikia watu waliopotelewa na jahazi, unauza sabuni ya unga. Nikawaandikia. Wakanijibu siku hiyo hiyo, kwa haraka ambayo hawakuwa nayo wakati wa kunilipa, wakaniletea picha ya ile karatasi, na pale pameandikwa "haki zote, kwa matumizi yote, milele." Na chini saini yangu, nzuri kabisa.

Nani wa kumlaumu? Mie nawalaumu wao, ntasema kweli, lakini saini ni yangu.

Vijana nisikilizeni. Muziki una vitu viwili. Kuna utunzi, yani wimbo wenyewe hata ukipigwa na mtu mwengine, na kuna rekodi, yani hii sauti iliyorikodiwa siku ile. Ukiuza, jua unauza kipi. Jua unauza kwa filamu hii tu au kwa sabuni pia. Jua ni miaka mingapi. Halafu ikishatoka, daini ile karatasi wanayoiita kyushiti, orodha ya kila kipande cha muziki ndani ya filamu, kina sekunde ngapi na kakitunga nani, kwa sababu filamu ikioneshwa kwenye televisheni za wenzetu pesa ya mtunzi inafuata karatasi ile, jina lako likiwa halimo pesa inapita inakwenda kwa mwengine au inakaa tu. Na hapa kwetu kuna COSOZA, wasimamizi wa hakimiliki wa Zanzibar, sheria ya hakimiliki tunayo tangu mwaka 2003, nendeni mkasajili. Msiniambie mbali. Mpirani Unguja mnakwenda.

La mwisho, halafu maswali.

Filamu ilikuwa ya karafuu. Humu humu Pemba, wachumaji, majamvi yametandazwa, harufu unaisikia hata kwenye picha. Edita yuko mbali huko, keshaweka muziki wa kuazima, na kaweka nini? Djembe. Ngoma ya watu wa Mali na Guinea! Ngoma ya heshima, sina ugomvi nayo, lakini yule mchumaji yuko juu ya mkarafuu Pemba, ana kikapu, kavaa kofia ya kiua. Ni sawa na mie nichukue mvuvi wa Italia nimpigie bagpaipu la Scotland, halafu nikwambie kwani si Ulaya hiyo hiyo? Na si filamu ile peke yake. Tizameni nyingi zinazopigwa hapa visiwani, ikiwa si djembe basi ni zumari la jangwani na ngamia tunamsubiri. Wanaopiga picha hawana nia mbaya. Wanafungua maktaba ya muziki kwenye intaneti, wanaandika "Afrika," kinachotoka ndicho hicho. Msewe, ngoma yetu ya Pemba inayochezwa na misewe ya kuchakacha mguuni, haumo mule. Kirumbizi, ngoma yetu ya fimbo, hakimo. Kidumbak, tarabu yetu ya mtaani, kwa bahati.

Basi nikasema natafuta msewe. Nikapelekwa kijiji kimoja kwa mzee mmoja na vijana wake, sikuanza na maiki, nimeanza na kahawa, siku ya pili nimeeleza filamu ni ya nini, siku ya tatu tumeandikiana karatasi, kila mtu na jina lake na malipo yake, na hilo la sabuni tumelitia humo kwamba haliwezekani. Tumerikodi baada ya Isha, mchana huwezi, kuku na bodaboda. Mwanzo maiki niliziweka juu kama ninavyoziweka studio. Upuuzi. Ile misewe iko mguuni, sauti iko mguuni, nikazishusha mpaka chini karibu na udongo, na pale ndio ikatoka, ule mchakacho na nyuma yake kishindo cha kisigino ardhini. Nimerudi nayo Unguja kama mtu aliyebeba dhahabu.

Nikaitengeneza, nikatia udi juu yake kidogo, nikakata nikapunguza ikaingia kwenye picha za wachumaji, sekunde 52. Dairekta kafurahi, edita kafurahi, djembe ikaondoka. Kabla filamu haijatoka tukasema tukawaoneshe wenyewe kijijini. Shuka nyeupe mbili zimeshonwa pamoja, jenereta tumeliweka mbali nyuma ya skuli, kijiji kizima kimekaa chini, watoto mbele. Ikafika ile sehemu. Watu wakapiga vigelegele, wanaoneshana, yule, yule pale! Mie moyo wangu mkubwa hivi. Nikamtizama mzee. Mzee kakunja uso.

Ilipokwisha akaniita pembeni. Akaniambia, "Mwanangu, mbona umenikata mguu?"

Nikasema mzee, sikukata kitu. Akasema, "Umenikata. Mara ya tatu pale, tunapogeuka. Nimekanyaga, nimekanyaga, mguu wa kulia haukushuka." Na vijana wake wote nyuma yake wanatikisa vichwa, ndio, haukushuka. Nikarudi kwenye laptopu nikaangalia. Wallahi kweli. Pale nilipopunguza ili iingie kwenye picha nimetoa kishindo kimoja. Edita hakusikia, dairekta hakusikia, na mie niliyejisifu kwenu kwa masikio tangu nimesimama hapa sikusikia. Nikamwambia, mzee, lakini ni kiasi cha nusu sekunde tu.

Akasema, "Nusu sekunde yako. Mguu wangu."

Sasa picha ishafungwa, yani imeshakatwa na urefu wake haubadilishwi tena, na ikishafungwa edita hataki kusikia habari ya mtu. Nikampigia. Nikamwambia nahitaji fremu 14 zaidi, mwisho pale kwenye majamvi ya karafuu, nipe fremu 14. Akaniuliza kwa sababu gani, nikamwambia kuna mguu haujashuka. Akanyamaza muda. Akadhani laini imekatika, mie nikadhani laini imekatika. Halafu akasema nipe mpaka kesho.

Mguu umo sasa. Sekunde 52 na fremu 14. Ntawachezeshea, mtausikia mara ya tatu wanapogeuka, wa kulia. Zimeni taa hizo za mbele kwanza, halafu maswali, tuanze na wewe wa mlangoni unayekataa kiti.